Mankiller, Wilma Pearl

Wilma Pearl Mankiller (18 Novemba 1945 – 6 Aprili 2010) alikuwa mwanamke wa kwanza kuchaguliwa Chifu Mkuu, yaani kiongozi wa juu wa serikali, wa Taifa la Wacherokee katika jimbo la Oklahoma, Marekani. Wacherokee ni wenyeji wa asili wa kusini-mashariki mwa nchi hiyo, ambao mnamo 1838 na 1839 walifukuzwa na jeshi kutoka katika ardhi yao na kupelekwa magharibi, na maelfu yao wakafia njiani.

Alizaliwa Tahlequah, akalelewa kijijini hadi mwaka 1956, familia yake ilipohamia San Francisco chini ya mpango wa serikali ya shirikisho uliowahimiza wenyeji hao kuacha vijiji na kutafuta kazi mijini. Mwaka 1969 wanaharakati walipokikalia kisiwa cha Alcatraz, kilichokuwa na gereza lililofungwa, wakidai haki za wenyeji wa asili, Mankiller aliwachangishia fedha, na baadaye akawasaidia watu wa Pit River huko California katika madai yao ya ardhi.

Alirudi Oklahoma katikati ya miaka ya 1970 na kuajiriwa na serikali ya Wacherokee. Mwaka 1979 alinusurika katika ajali mbaya ya gari, kisha akapatwa na ugonjwa unaodhoofisha misuli. Hata hivyo, kazi iliyomjenga kisiasa kuliko nyingine zote ilifuata baada ya mateso hayo. Katika kijiji maskini cha Bell, ambako nyumba nyingi hazikuwa na maji ya bomba, yeye na Charlie Soap, aliyekuja kuwa mumewe, waliwaachia wanakijiji wenyewe wapange mradi wa maji, nao wakachimba mitaro na kulaza zaidi ya kilomita 25 za mabomba kwa mtindo wa *gadugi*, ambao ni desturi ya Wacherokee ya kufanya kazi kwa msaragambo. Mradi huo uliwathibitishia wakuu wa taifa kwamba watu waliodhaniwa kuwa hawajiwezi walikuwa wamenyimwa nafasi tu.

Mwaka 1983 Chifu Mkuu Ross Swimmer alimchukua kuwa mgombea mwenza. Katika kampeni alitishiwa kuuawa, na wapo waliomkataa kwa sababu ya jinsia yake, ingawa Wacherokee wa kale walihesabu ukoo kwa upande wa mama na wanawake walikuwa na sauti katika mashauri. Alishinda unaibu; Swimmer alipoondoka mwaka 1985 alirithi kiti chake, akakitetea kwa kura mwaka 1987, na mwaka 1991 akapata zaidi ya asilimia 80. Chini yake zilijengwa zahanati, na mwaka 1990 taifa hilo lilitia saini mkataba wa kusimamia lenyewe fedha za shirikisho.

Aliondoka madarakani mwaka 1995 kwa sababu ya afya. Mwaka 1998 alitunukiwa Medali ya Uhuru ya Rais, na mwaka 2022 sura yake iliwekwa kwenye sarafu ya senti 25 ya Marekani.