Macho ya Matsunosuke

Wanaosimulia historia ya filamu za samurai hupenda kuanzia kwa mwongozaji Kurosawa. Mimi huanzia kwa Onoe Matsunosuke, na sichoki kumtetea.

Kabla yake kamera ilikwisha kuifuata kabuki yenyewe, maigizo ya jadi ya Kijapani. Novemba 1899, nyuma ya jumba la Kabuki-za mjini Tokyo, Shibata Tsunekichi aliwapiga picha Ichikawa Danjūrō wa Tisa na Onoe Kikugorō wa Tano wakicheza Momijigari, kisa cha shujaa anayepambana na jini la kike. Upepo ulivuma ukampokonya Danjūrō upepeo wake, na picha ikaachwa vivyo hivyo.

Mwaka 1908 Makino Shōzō, mwenye jumba la maigizo la Senbon-za huko Kyoto, alianza kutengeneza filamu za vita vya samurai. Mwaka uliofuata alimweka mbele ya kamera Matsunosuke, mwigizaji wa kabuki aliyezoea kuzunguka mikoani na kundi lake. Hadi anafariki 1926, alikuwa amecheza takriban filamu 1,000.

Kamera haikuhama: ilitazama kama mtu aliyekaa kiti cha mbele ukumbini. Wanaume walicheza nafasi za wanawake. Pigano la upanga lilikuwa ngoma, adui akipinduka hewani kabla hajaguswa. Kilele kilipofika, Matsunosuke aliganda, akageuza kichwa, akatumbua macho. Mkao huo, uitwao mie, ni wa kabuki tupu. Humfikishia hasira ya shujaa hata aliyekaa safu ya mwisho. Watu wakambandika jina la Matchan wa Macho.

Filamu zilikuwa bubu, lakini ukumbi ulijaa sauti. Benshi, wasimulizi wa filamu, walikaa kando ya pazia wakigawana maneno ya wahusika. Aliyekulia kwenye mabanda ya video ya Dar es Salaam, akimsikiliza mtafsiri akiipa filamu ya Kichina maneno ya Kiswahili, anaujua utamu huo.

Kisha ladha ikageuka. Kundi la Shinkokugeki la Sawada Shōjirō, lililoundwa 1917, lilileta jukwaani mapigano ya kasi na ya kutisha, na sinema ikafuata. Katika Orochi ya 1925, Bandō Tsumasaburō anazingirwa na umati wa askari, anapigana hadi nguvu zinamwishia. Naye pia alikuwa amefundwa kabuki.

Filamu nyingi za Matsunosuke zimepotea. Jiraiya ya 1921 ipo, na humo anageuka chura mkubwa kwa ujanja wa kamera. Itafute uitazame, kabla hujakubali kuambiwa kwamba kazi yake ilikuwa jukwaa lililopigwa picha tu.