Magemu ya Dogo na Sanduku la Disketi

Ilikuwa Jumamosi saa kumi jioni. Maguta yalikuwa yanapakia marobota ya mwisho na machinga wameanza kukunja maturubai yao. Dogo mmoja akaingia kwenye fremu ninayofanyia kazi, mtaa wa Aggrey, Kariakoo, akaiweka kompyuta yake mezani bila hata salamu. Si kawaida yake. Siku mbili kabla alikuwa ameniletea kompyuta hiyohiyo ikiwa nzito ile mbaya, nikamfungia diski mpya, nikapiga Windows, akalipa na kuondoka anacheka. Sasa macho yalikuwa mekundu.

"Fundi, magemu yangu yako wapi?"

Nikafungua. Kwenye maktaba yake ya magemu, ile ya duka la mtandaoni, yalionekana 2 tu. Dogo akadai yalikuwa 34, na aliyajua kwa idadi kama bibi anavyowajua kuku wake. Anauza vitambaa mtaa wa Kongo kwa kulipwa kwa siku, na magemu yale aliyanunua moja moja kwa miaka mitano, mengi yakati ya punguzo la bei. Hakuna hata moja la kuiba. Kwa kijana wa Kariakoo hilo si jambo dogo, msomaji, na nitakueleza kwa nini.

Nilimwambia arudi Jumatatu. Moyoni nilijua hii kesi ni yangu. Mkono uliogusa kompyuta ile ulikuwa wangu.

Nilipomsimulia fundi aliyenifundisha kazi, ambaye sote tunamwita Mzee ingawa hajafika sitini, hakunigombeza. Alivuta sanduku la bati kutoka chini ya meza, akalifungua. Ndani mlikuwa na disketi, nyeusi na za bluu, zimepangwa kama biskuti. "Keti," akasema. "Kabla hujatafuta kilichopotea, jua kwanza vitu hivi vilifikaje hapa."

Basi nikaketi. Haya ninayoandika nimeyapata kwake, mengine nimeyasoma mwenyewe baadaye.

Kompyuta ya kwanza nchini mwetu ilifungwa Wizara ya Fedha mwaka 1965. Ilipofika 1974 zilikuwa 7 nchi nzima. Mwaka huohuo serikali ikapiga marufuku kuingiza kompyuta pamoja na seti za televisheni. Fedha za kigeni zilikuwa haba, na kazi ya mashine zilizokuwepo ilikuwa imewavunja moyo wakubwa. Masharti yalilegea polepole, kwa vibali. Zanzibar walikuwa na televisheni yao tangu miaka ya 1970, lakini sisi wa Bara tuliisubiri mpaka 1994.

Fikiria hapo. Vijana wa London na Tokyo walikuwa wanacheza magemu kwenye televisheni za nyumbani wakati kijana wa Dar es Salaam hana hata televisheni yenyewe. Kwa hiyo gemu la kompyuta lilipotufikia halikuja kupitia dukani. Lilikuja mfukoni mwa mtu. Mjomba karudi masomoni Ulaya, baharia kashuka bandarini, binamu katoka Muscat, kila mmoja na disketi zake.

Disketi moja ya kawaida ilibeba megabaiti 1.44. Picha moja ya simu yako ya leo haingii humo. Lakini magemu ya wakati ule yalijua kujikunja. Mzee alijifunza kompyuta kwenye chumba cha kuchapia barua, kwenye mashine iliyonunuliwa kwa kazi za ofisi. Bosi akitoka kwenda kula, vijana wanaingiza disketi. Anakumbuka Prince of Persia, kazi ya Mmarekani Jordan Mechner ya mwaka 1989, yule jamaa wa kanzu nyeupe anayeruka mashimo. Anakumbuka Doom, la Desemba 1993. Na hapa kuna jambo ambalo mimi sikulijua. Sehemu ya kwanza ya Doom wenyewe waliitoa bure, wakataka watu wainakili na kugawana ili atakayenogewa anunue zilizobaki. Kwa hiyo aliyekuwa anamnakilia mwenzake sehemu ile alikuwa anafanya alichoombwa na mwenye mali!

Mengine hayakuwa hivyo, tusidanganyane. Zilipokuja sidii, moja ikibeba kama megabaiti 650, nakala zikawa nakala. Gemu zima, bei ya chipsi. Sheria yetu ya Hakimiliki na Hakishiriki ilipitishwa mwaka 1999, lakini mtaani nani alikuwa anaisoma? Ndiyo maana nikasema dogo wangu ni mtu wa pekee. Kizazi kizima kabla yake kilikua kikiamini kuwa gemu halinunuliwi, linanakiliwa tu.

"Lakini kuna kitu kimoja," Mzee akasema, huku akiinua disketi moja mpaka kwenye mwanga. "Hii ikiharibika, nilijua nani wa Gerezani anayo nyingine. Akikosa yeye, yupo wa Ilala. Gemu halikuwa na mahali pa kupotelea."

Maneno yale yalinikaa. Wizi ulikuwa wizi, na mtu aliyekesha kutengeneza lile gemu hakuona senti yake. Ila wizi uleule ulikuwa ndio ghala letu, kwa sababu kitu kilikaa mikononi mwa watu wengi.

Mambo yakageuka bila sisi kuona. Tarehe 12 Septemba 2003 kampuni ya Valve ya Marekani ilianzisha Steam. Mwaka uliofuata ikatoa Half-Life 2, na hata aliyenunua sidii dukani ilimbidi alisajili gemu lake kwa intaneti kwanza. Huku kwetu jambo hilo lilikuwa ndoto. Intaneti ya kafe ilikuwa ya setilaiti, ya kulipia kwa dakika, na barua pepe yenyewe ilifunguka kwa dua. Kisha Julai 2009 mkonga wa SEACOM ukawashwa hapahapa Dar es Salaam. Baada ya hapo zikaja simu za kulipia na bando za usiku, na kijana wa mtaa wa Kongo akaweza kununua gemu siku ileile anayonunua mwenzake wa Berlin.

Lakini alinunua nini hasa? Sidii ya zamani, hata kanyaboya, uliishika. Siku hizi unashika orodha ya majina na ruhusa ya kupakua. Kule California wametunga sheria, iliyoanza kazi 1 Januari 2025, inayoyataka maduka ya namna hiyo yamwambie mteja waziwazi kwamba anauziwa leseni. Yaani hata Wamarekani walikuwa hawajaelewa.

Sasa turudi kwenye kesi yangu. Jumapili fremu ilikuwa imefungwa. Mimi na Mzee tukaingia kwa mlango wa nyuma, na dogo tukampigia simu aje.

La kwanza likawa aibu yangu. Nilipokuwa naipanga ile programu ya duka, nilibonyeza kitufe cha kuonyesha magemu yaliyokwisha pakuliwa kwenye kompyuta tu. Na kwenye diski mpya dogo alikuwa amepakua 2. Nikaondoa kile kichujio, yakajitokeza 26. Dogo akashika kichwa. Mzee akacheka mpaka akakohoa.

La pili, kuna sehemu ya kuficha magemu ambayo mtu hataki yaonekane. Zamani dogo alikuwa ameficha 2, mama yake asiyaone. Tukawa na 28.

La tatu lilitutoa jasho. Nilimwambia afungue barua pepe yake atafute risiti zote za manunuzi. Kuna 4 ambazo risiti zake hazikuwepo kabisa. Tukaulizana, tukaulizana... kumbe akiwa sekondari alikuwa na akaunti nyingine, kwa barua pepe nyingine. Kompyuta ya zamani ilikuwa inaukumbuka mlango wenyewe, na yeye alishasahau kuwa milango ni miwili. Neno la siri hakulijua, ila namba ya simu aliyosajilia bado ilikuwa kwenye kadi anayotumia mama yake. Ikapigwa simu Mbagala. "Mama, shikamoo. Kuna meseji inakuja, nisomee hizo namba." Mama akasoma huku anauliza kama kuna aliyekamatwa. 32.

La 33 halikuwa lake. Lilikuwa la binamu yake aliyemshirikisha maktaba, na ushirika ule ulikuwa umekwisha. Hilo akalikubali kiungwana.

La 34 nalo lilikuwa la kuchezea mtandaoni tu. Seva zake zilikuwa zimezimwa. Jina limebaki kwenye risiti, gemu halipo popote.

Kupata orodha ni jambo moja, kupata magemu yenyewe ni jingine. Kuyapakua upya 32 kungemla dogo bando la miezi. Hapo Mzee akauliza swali nililokuwa naliogopa tangu Jumamosi. "Diski ya zamani umeiweka wapi?"

Ilikuwa kwenye boksi la diski za kuuza. Nilikuwa nimepanga kuifuta Jumatatu asubuhi nimpe mteja mwingine. Siku moja tu!

Tukaitia kwenye kikasha cha USB. Ilikuwa kimeo, inakwama, inalia kama panya, lakini ilisoma. Nikanakili folda la magemu mpaka kwenye diski mpya, mahali palepale ambapo duka huyaweka. Kisha nikaiamuru programu iyapakie. Badala ya kupakua, ikakagua mafaili, ikayatambua, ikaongeza vipande vichache vilivyopungua. Halafu nikarudi kwenye diski ya zamani kutafuta kitu ambacho mafundi wengi hukisahau: kumbukumbu za mchezaji, pale alipofikia. Baadhi ya magemu huzihifadhi mtandaoni, mengine huziacha kwenye folda la nyaraka, mbali na gemu lenyewe. Mle ndimo tulimokuta ligi ya mpira ya dogo, misimu 6, na timu aliyoitoa daraja la chini mpaka ubingwa. Alipoiona aliacha kusema. Akavuta kiti, akakaa tu anaitazama.

Nikamuuliza Mzee kuhusu lile la 34. Akasema hilo hata sanduku lake lisingelisaidia, kwa sababu nusu ya gemu ilikuwa nyumbani kwa mwenyewe.

Na si la dogo peke yake. Dunia nzima inakijua kisa cha The Crew la kampuni ya Ubisoft. Lilitoka 2014, seva zikazimwa 31 Machi 2024, na hata aliyetaka kucheza peke yake hakuweza tena. Mwaka 2023 taasisi ya Marekani ya kuhifadhi historia ya michezo hii, Video Game History Foundation, ilitoa utafiti: katika magemu ya zamani yaliyotoka Marekani kabla ya 2010, asilimia 87 hayapatikani tena sokoni. Kama kwao, wenye maghala na maktaba, hali ni hiyo, yetu yako wapi?

Wapo waliojaribu njia nyingine. Warsaw, Poland, miaka ya mwanzo ya 1990, kijana aitwaye Marcin Iwiński alikuwa anauza magemu kwenye soko la kompyuta, soko la mwishoni mwa wiki lililojaa nakala, wakati nchi yao haina bado sheria ya kulinda programu. Kariakoo tupu. Mwaka 1994 yeye na mwenzake Michał Kiciński wakaanzisha kampuni ya CD Projekt. Mwaka 2008 kampuni hiyo ikafungua duka la mtandaoni la GOG, linalouza magemu yasiyo na kufuli: ukishanunua, unapakua faili na kulitunza mwenyewe. Naona watu wa sokoni hawakusahau walichojifunza sokoni, kwamba mali ni ile unayoweza kuibeba.

Na yule Mechner wa Prince of Persia? Alipoteza maandishi asilia ya programu yake kwa miaka mingi. Mwaka 2012 baba yake akaokota boksi la disketi nyumbani, wataalamu wakazisoma, maandishi yote yakatoka salama. Mtunzi mwenyewe kaokolewa na boksi la mzee wake!

Nawaambia haya wenzangu mnaoandika kwa sababu nawajua. Hadithi yako yote iko kwenye simu moja. Diwani zima liko kwenye akaunti ambayo neno lake la siri unalikumbuka kidole, wewe hulikumbuki. Tarehe 10 Julai 2021 soko letu kubwa la Kariakoo liliwaka moto usiku, na aliyekuwa na mzigo wake wote mle ndani aliamka hana kitu. Hakukuwa na uzembe wowote kwake. Mzigo ulikuwa mahali pamoja, basi.

Dogo alikuja Jumatatu na kauntabuku. Ameandika majina ya magemu yote, kila moja na tarehe, akaunti na barua pepe yake. Lile la 34 kaliandika pia, na mbele yake kaweka neno moja: marehemu. Alitaka kunilipa, nikakataa.

Siku hizi kwenye fremu yetu diski ya mteja haiuzwi mpaka ipite miezi mitatu. Ya dogo haitauzwa kabisa. Nimeifunga kwenye mfuko wa nailoni, nimeiandika jina lake kwa kalamu ya wino mzito, nikaiweka kwenye sanduku la bati, juu ya disketi za Mzee.