Kigongo na Jirani wa Ng'ambo

Kigongo ni kijiji cha Wilaya ya Misungwi, mkoani Mwanza, kando ya Ghuba ya Mwanza katika Ziwa Viktoria. Jirani yake ni Bukumbi, ambako Wamisionari wa Afrika walianzisha misheni mwaka 1883. Ng'ambo ya maji ni Busisi, wilayani Sengerema. Kikanisa, Kigongo kimo katika Jimbo Kuu la Mwanza. Busisi imo katika Jimbo la Geita, lililoundwa mwaka 1984.

Kwa miaka mingi tulivuka kwa kivuko, na hata mgonjwa mahututi aliyepelekwa Hospitali ya Bugando alilazimika kungoja chombo kirudi. Tarehe 19 Juni 2025 lilizinduliwa Daraja la John Pombe Magufuli, lenye urefu wa kilomita 3. Sasa tunavuka kwa dakika chache.

Hata hivyo, foleni ya kivuko ndiyo iliyowapatia riziki wachuuzi wa samaki na mama lishe wa pale. Tunapomshukuru Mungu kwa mgonjwa anayewahi tiba, jumuiya zetu ndogo ndogo za pande zote mbili ziwatafute pia wale waliopoteza wateja.