Pomboo Hayumo Kwenye Tarikh ya Kilwa

Tarikh ya Kilwa, ile ya Kiarabu aliyoichapisha Strong mwaka 1895, inatuhesabia masultani mmoja baada ya mwingine. Inasimulia hata kisiwa kilivyonunuliwa kwa nguo. Bahari imo. Pomboo hayumo.

Kumbe Afrika hii hii ina hadithi kongwe ya pomboo. Miaka kama 1,900 iliyopita, Mrumi aitwaye Pliny Mdogo aliandika barua kuhusu Hippo, mji wa pwani ya Tunisia ya leo. Pomboo alimzoea mvulana, akawa anambeba mgongoni. Watoto huipenda hapo. Sisi wakubwa tusome hadi mwisho: maofisa walimiminika kumtazama, gharama za kuwakirimu zikauelemea mji, basi pomboo akauawa kwa siri.

Ndiyo maana kwa watoto wa Kilwa na Lindi sitaki hadithi tamu tupu. Nataka kitabu cha pomboo wa bahari yao, kisichoficha baruti ya wavuvi iliyovunja matumbawe. Mlipuko huo wazazi wao wameusikia. Kitabu nacho kiuseme, kama Pliny alivyosema ya Hippo.