Akina Mohamed wa Riwaya ya Zanzibar

Hapa Kajiado hakuna anayewakanganya Joseph ole Lenku na Joseph Nkaissery, ijapokuwa wote wawili ni wana wa kaunti hii, na wa pili alimrithi wa kwanza katika Wizara ya Usalama wa Ndani mnamo Desemba 2014. Jina linalofuata Joseph linatosha kuwatenganisha. Tunapofika kwenye rafu ya riwaya za Zanzibar, jina la mwisho ndilo linalotupotosha, na mtahiniwa hupoteza alama kwa kumpa mwandishi kitabu kisicho chake.

Wako watatu: Mohamed Said Abdulla, Mohamed Suleiman Mohamed na Said Ahmed Mohamed. Ieleweke kwamba Zanzibar majina hufuatana: la mtu mwenyewe, la baba, kisha la babu. Hivyo "Mohamed" la mwisho si jina la ukoo. Maktaba inayopanga vitabu kwa jina hilo huwaweka pamoja waandishi wawili ambao babu zao tu ndio waliokuwa na jina moja.

Mohamed Said Abdulla alitangulia kwa Mzimu wa Watu wa Kale (1960), riwaya ya upelelezi. Mpelelezi wake, Bwana Msa, amebeba herufi za kwanza za jina la mwandishi mwenyewe (utani ambao wanafunzi wengi huupita bila kuuona). Hapo fumbo ni la nani kaua. Baada ya Mapinduzi ya 1964 tunapata Kiu (1972) ya Mohamed Suleiman. Mwinyi, Idi na Bahati wanavutana kati ya mapenzi na pesa, na fumbo limehamia mioyoni mwao. Naye Said Ahmed, katika Utengano (1980), riwaya iliyowahi kutahiniwa katika KCSE, anamsimamisha Bwana Maksuudi mbele ya bintiye Maimuna, na kulihukumu tabaka zima la wenye nguvu.

Kwa hivyo, mwalimu mwenzangu, anayesema Utengano ni ya Mohamed Suleiman hajakosea jina tu. Ameifuta safari nzima ya riwaya kutoka moyo wa mtu binafsi hadi mgogoro wa kitabaka, na hataweza kueleza kwa nini Maimuna hafanani na Bahati.

Kuna mtego mwingine, wa kinyume. Katika majarida ya kitaaluma utakutana na Said A. M. Khamis, mhakiki aliyefundisha Chuo Kikuu cha Bayreuth, Ujerumani. Usimhesabu kuwa mtu wa nne. Ni yuleyule wa Utengano, ila huko ameongeza Khamis.