Safu ya Lugha: Picha za maktaba
Maktaba ni neno la Kiarabu, la mzizi uleule uliotupa kitabu na katibu. Magazeti yetu yaliliazima kwa picha yalizojiwekea, na hapo silipingi: "picha ya maktaba" humwambia msomaji kwamba picha haikupigwa jana. Kwenye filamu za hali halisi ndiko linakopotosha. Chukua mikanda ya Mapinduzi ya Zanzibar ya 1964 iliyopigwa kutoka angani. Ni ya Waitaliano Gualtiero Jacopetti na Franco Prosperi, na ilitoka 1966 katika Africa Addio, filamu iliyoshutumiwa vikali kwa ubaguzi wa rangi. Ukiibandika "picha za maktaba" tu, umemficha mtazamaji jicho lililokuwa nyuma ya kamera. Maktaba ya nani?

Badala ya maktaba, wengine husema nyaraka, lakini waraka ni karatasi yenye maandishi. Kumbukumbu ni pana mno. Hata yaliyosemwa kikaoni ni kumbukumbu. Wakenya wana makavazi, neno zuri la mahali vitu vinapotunzwa. Kwa picha zenyewe nasema mkanda wa hifadhi, na jina na mwaka vifuate palepale kwenye kioo: mkanda wa hifadhi, Jacopetti na Prosperi, 1964.