Mashine Iliyongoja Amri: Habari za Hesabu Zetu



Katika kijitabu hiki cha ukumbusho wa miaka 10 ya Chama chetu Kikuu, wenzetu wamekwisha kueleza habari za korosho, nazi na ufuta. Sisi tumepewa sehemu ya hesabu, nasi twapenda kueleza jinsi makarani wa nchi hii walivyojifunza kuiamrisha kompyuta katika siku ambazo haikuwa na picha wala kipanya, ila kioo cheusi na herufi chache. Mkulima wa Mkwaja aliyepima magunia yake mizanini, akapewa karatasi iliyochapwa na mashine, ana haki ya kujua desturi za mashine hiyo zilianzia wapi.

Kompyuta ya kwanza ya Serikali ilifungwa katika Wizara ya Fedha mwaka 1965. Ilikuwa mashine kubwa, aina ya ICT 1500, na watu waliojua kuiendesha walikuwa haba. Baadaye mpango wa kuhamishia hesabu za Serikali katika kompyuta uliharibika, hesabu zikavurugika, ikabidi kurudia njia za zamani. Mwaka 1974 Serikali ikapiga marufuku kuingiza kompyuta nchini ila kwa kibali. Wako wanaoilaumu amri hiyo hata leo kwamba ilituchelewesha. Sisi twaona lawama hiyo ni ya haki nusu tu. Ni kweli tulichelewa. Lakini yeyote aliyepata kukaa na leja isiyolingana, na wakulima wakingoja malipo nje ya mlango, hatashangaa kwamba Serikali iliona afadhali kalamu inayojulikana kuliko mashine isiyojulikana.

Mlango ulipokuwa umefungwa kwetu, mambo yalikwenda mbele kwingineko. Mwaka ule ule wa 1974, huko Marekani, Gary Kildall alitunga programu iitwayo CP/M ya kuongoza kompyuta ndogo. Mwaka 1980 Tim Paterson akatunga nyingine iliyofanana nayo; kampuni ya Microsoft ikainunua mwaka 1981, na Agosti ya mwaka huo ikatoka pamoja na kompyuta ndogo ya IBM. Ndiyo iliyokuja kujulikana kwa jina la DOS. Hapa nchini vyama vikuu vya ushirika vilikuwa vimefutwa mwaka 1976, na sheria ya mwaka 1982 ndiyo iliyovirudisha. Basi waweza kusema kwamba kompyuta ndogo na ushirika uliofufuka ni watu wa rika moja, ijapokuwa ilipita miaka mingi kabla hawajakutana. Marufuku ililegezwa kidogo kidogo hata miaka ya tisini, na ndipo mashine hizo zilipoanza kuonekana katika ofisi nyingi.

Aliyeketi mbele ya mashine ile kwa mara ya kwanza hakukaribishwa na mtu. Kiooni palitokea herufi moja, A au C, na alama kama ncha ya mshale, na kando yake kijistari kikimetameta. Basi. Mashine ilikuwa yangoja amri, na kama huijui amri, ingengoja mpaka jioni. Ilimpasa karani akariri maneno: DIR ili kuona orodha ya majalada, COPY kunakili, DEL kufuta, FORMAT kutayarisha diski mpya. Akikosea herufi moja, mashine ilijibu kwa Kiingereza kwamba amri hiyo haifai, wala haikusema kosa liko wapi. Aliyezoea leja alipata taabu hasa hapo. Katika leja macho huona ukurasa wote, na kosa lililokatwa kwa wino mwekundu hubaki likionekana. Katika mashine ile, kilichofutwa kilitoweka machoni, wala hapakubaki doa.

Majina ya majalada nayo yalikuwa na sheria yake. Jina halikuweza kuzidi herufi 8, na baada ya nukta herufi 3. Neno USHIRIKA lina herufi 8 kamili, likaingia bila shida. KOROSHO na MKWAJA pia. Lakini WANACHAMA lina herufi 9, na mashine ililikata likawa WANACHAM bila kuuliza. Hilo laweza kuchekesha. Sasa tazameni STAKABADHI. Karani aandikaye STAKABADHI1 kwa msimu wa kwanza na STAKABADHI2 kwa msimu wa pili hudhani ana majalada mawili. Kwa mashine yote mawili ni STAKABAD. Akinakili la pili katika diski ya akiba yenye la kwanza, la pili hukaa juu ya la kwanza na kulifuta. DOS ya miaka ya mwanzo haikuonya. Ni toleo la 6.2 la mwaka 1993 ndilo lililoanza kuuliza kabla ya kunakili juu ya jalada lililopo. Fikirini msimu mzima wa mizani, jina kwa jina na kilo kwa kilo, ukipotea kwa sababu neno letu ni refu kuliko kipimo cha watu wengine.

Tena lugha. Mtu alipoamuru kufuta kila kitu, mashine iliuliza kama ana hakika, na jibu lilikuwa Y kwa kukubali na N kwa kukataa. Kwa Mswahili, N ni mwanzo wa Ndiyo! Heri yake kwamba aliyekosea hivyo alijikuta hakufuta chochote. Ingekuwa kinyume chake, tungekuwa na vilio vingi.

Umeme nao ulikuwa na la kusema. Kazi isiyohifadhiwa katika diski hukaa katika kumbukumbu ya muda, na umeme ukikatika hupotea yote. Wenye umri watakumbuka mgao wa umeme wa mwaka 1992 na wa mwaka 1994. Makarani wa siku zile walijifunza kuhifadhi kila baada ya mistari michache, kuweka diski mbili mahali pawili mbalimbali, na kutotupa daftari. Desturi hizo hazikuandikwa katika kitabu cha kampuni yoyote. Zilizaliwa na hasara.

Baadaye zikaja programu za picha, na tangu mwaka 1995 watu wengi wakaacha kuandika amri. Kiswahili nacho kiliingia: mwaka 2004 wataalamu wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, wakishirikiana na wenzao wa Sweden, walitoa programu za ofisi kwa Kiswahili kwa jina la Jambo OpenOffice. Mashine ikaweza kuuliza Ndiyo au Hapana.

Leo Tume ya Maendeleo ya Ushirika ina mfumo wake wa kompyuta wa kusimamia vyama, uitwao MUVU, na hesabu za vyama vya msingi huingizwa humo. Mfumo huo hauonyeshi kioo cheusi wala hautaki amri za kukariri, hubonyezwa tu. Ni rahisi zaidi, nasi hatutamani kurudi nyuma. Lakini karani wa DOS alilazimika kujua jalada liko katika diski ipi na lina jina gani, na mwanachama aliyemwuliza alijibiwa. Siku hizi twasikia mara nyingi jibu la kwamba “mfumo umekataa”, na muulizaji huondoka hana la kuongeza. Kwa hiyo tumeomba katika mkutano mkuu ujao kila chama cha msingi kichague wanachama wawili, wasio watumishi, wafundishwe kuusoma mfumo huo wenyewe, na daftari la mizani liendelee kuandikwa kwa wino kando yake, wazi kwa mwanachama yeyote atakayetaka kulinganisha.